Kukaribishwa Mkunya

Somoe mwanangu,

Mjomba wako anaoga, na mimi nimekaa hapa kwenye benchi la kutengenezea baiskeli na kalamu yako ya shule. Mwandiko wangu unaujua, ni ule ule wa kuandika majina kwenye magunia ya korosho, kwa hiyo soma polepole. Mambo ya sabuni, ya kuswali, ya kutotembea peke yako giza likiingia, bibi yako ameshakwambia na kesho atakwambia tena. Hayo mimi siyaandiki.

Naandika kwa sababu jana uliniuliza kitu. Ulikuwa umenishikia gurudumu nanyoosha spoki, ukasema, baba, kule Mkunya watanikaribisha? Nikasema watakukaribisha. Nikaendelea na spoki. Wewe ukanyamaza, na nakujua ukinyamaza namna ile, jibu hujalipenda. Hata mimi sikulipenda. Tangu jana nalifikiria hilo neno.

Na kuna jambo lingine halijaamuliwa. Kesho unaondoka na mjomba Salumu kwenda kuanza fomu wani Newala, utakaa Mkunya kwa mama yako. Hilo limekwisha na ni zuri, sina neno. Lisilokwisha ni likizo. Shule zikifungwa utarudi hapa Chiungutwa kwenu, au utabaki kule moja kwa moja, hapa uje siku za misiba na harusi? Kwa desturi yetu mtoto ni wa upande wa mama, kwa hiyo mimi sina cha kudai. Lakini kuuliza naweza, na sijauliza. Leo lazima niulize kabla mjomba wako hajalala, na wewe unajua kuuliza kwangu kulivyo.

Nianze na neno.

Shule niliacha darasa la tano. Lakini kazi ya baiskeli ina shule yake, mtu akikusubiri umtilie kiraka anaongea kama wewe hupo. Nasikia mengi. Yule mwenye duka hapo mbele anasema karibu kwa kila anayesimama, hata mbuzi akisimama anamwambia karibu, halafu akimwona ni mbuzi anamrushia kokoto. Kwenye redio mtangazaji anamkaribisha mwimbaji aje atutumbuize, na mwimbaji hayupo pale, wimbo ulishapigwa siku nyingi. Kwenye harusi wanamkaribisha mgeni rasmi azungumze, maana yake sisi wengine tukae kimya. Na mtu akila mlangoni kwake ukipita anasema karibu, unasema ahsante, unapita. Wote wawili mmeelewana.

Mimi nikiwa mdogo nilikuwa sijaelewa. Jirani alinikaribisha ugali na mbaazi, nikanawa, nikakaa, nikala mpaka nikashiba, na watoto wake wananiangalia mkono unavyokwenda. Niliporudi nyumbani nikamsimulia bibi yako kwa furaha. Akaniambia, "Yule alikukaribisha salamu. Chakula hakukukaribisha." Nikalia. Sikujua kwamba neno moja linasemwa hivi kwa mdomo na hivi kwa macho, na wa kutazama macho ni mimi. Kutazama watu nilianzia pale.

Halafu mwaka jana ustadhi mmoja alileta baiskeli, mnyororo umekatika. Nikamwambia karibu ustadhi. Akaniuliza kama najua ninachosema. Nikamwambia namwambia akae. Akacheka, akaniambia hilo neno asili yake ni Kiarabu, lilipanda huku na watu wa pwani, na kwa Kiarabu maana yake ni hiyo hiyo tu, karibu, kitu ambacho hakiko mbali. Akasema na akraba, ndugu zako, wanatoka humo humo, kwa sababu ndio watu walioko karibu. Tunasema mvua inakaribia, gari linakaribia, ni neno hilo hilo linatembea. Kwa hiyo kumkaribisha mtu ni kumsogeza. Alipoondoka nikabaki na mafuta mikononi nafikiria. Kama ni kumsogeza mtu, basi na yeye mwenyewe lazima asogee. Ukimvuta mtu amejishikilia mahali, hasogei, na wewe unachoka.

Bibi yako hilo neno halipendi sana. Anasema zamani mtu hakukaribishwa, alipokewa. Anamaanisha mzigo. Mgeni akitokea njiani unamfuata, unamtua mzigo, unatandika mkeka, unampa maji ya kuoga, maneno baadaye. Anasema ukimwacha mtu na mzigo kichwani na wewe umekaa unasema karibu, karibu, unamtania. Leo mjomba wako aliposhuka kwenye bodaboda bibi yako alishafika barabarani na kushika begi, na mjomba wako analivuta anasema, mama, acha, zito. Wakavutana mpaka yule wa bodaboda akawacheka.

Ametoka kuoga. Ngoja nikatoe ndoo.

Nimerudi. Bibi yako yuko jikoni na wewe umekwenda kuaga kwa kina Zaituni. Mjomba wako amekaa nje na redio.

Ameacha nusu ya ndoo. Kisima chetu kiko pale nyuma ya msikiti, mvua inanyesha kila siku, mapipa yamejaa, na bado ameacha nusu. Ndivyo walivyo watu wa juu kule Newala. Nimesimama na ile ndoo nikaona jibu la swali lako liko humo, na siwezi kukueleza kwa mdomo.

Nilipomwoa mama yako nilikwenda kuishi kwao, kama ilivyo kawaida ya kule, mume anahamia ukweni, analima na wakwe ili waone ni mtu gani. Ilikuwa kiangazi, korosho zimeanza kudondoka. Nilifika na vumbi la njia nzima. Mama mkwe wangu, yule bibi yako wa Mkunya, hakunisemesha na mimi sikumtazama, hiyo ndiyo adabu. Aliweka ndoo ya maji kwenye bafu la makuti, akaigonga kidogo nisikie, akaondoka. Ndoo imejaa mpaka juu.

Nikaoga. Nikaoga kama naoga kwetu. Na yaliyobaki nikaona nisiwaachie watu maji niliyotia mikono, nikayamwaga kwenye mpapai uliokuwa nyuma ya bafu. Nikatoka na ndoo tupu, nimependeza, nikijua nimefanya la maana.

Watu wote pale uani walitazama ndoo. Mama mkwe akaichukua, akaigeuza, akaitundika juu ya mti wa uzio. Jioni ile hakuoga mtu mwingine. Sufuria zililala na ukoko. Mimi nikadhani ni watu wa kulala mapema.

Kesho yake tukienda shamba mjomba wako, wakati huo kijana mwembamba sana, akaniambia, "Mlamu, kwenu mtu anaoga na mpapai?" Mlamu ni shemeji, kule ndiyo wanavyosema. Nikauliza kwa nini. Ndipo akanieleza, huku anacheka, kwamba yale maji mama yake aliyatoa bondeni, alishuka asubuhi akapanda jua la utosi, na yalikuwa ya nyumba nzima. Mgeni anatangulia, anaoga kidogo, wengine wanafuata, yanayobaki yanaosha vyombo. Mimi nilikuwa nimeioga nyumba nzima. Wakaniita Bwana Mpapai. Watoto wakiniona njiani wananiambia, Bwana Mpapai, shikamoo. Kwa adabu kabisa, huwezi kuwapiga.

Lile lilikuwa kosa dogo. Mtu wa Chiungutwa kwenda juu Newala na kumwaga maji, sidhani kama mimi ni wa kwanza. Wangecheka, wangesahau. Kosa nililifanya baada ya pale.

Niliamua sitachukua kitu chao tena. Ndoo ikiwekwa naoga kwa kopo moja, narudisha imejaa. Chakula nakula matonge machache nasema nimeshiba. Nikipewa firigisi, maana kule mkwe ndiye anapewa firigisi, nasogeza kwa wengine. Maji ya kunywa nasema sina kiu. Shambani nikiwa peke yangu natafuna muhogo mbichi kama panya. Niliona ndiyo adabu. Niliona nimejirekebisha, na kwamba wananiangalia wanasema huyu kijana amejifunza. Ndoo ikaanza kutowekwa. Nikaona sawa, sasa hawasumbuki.

Mwaka wa pili mama yako akaniambia siku moja, tunapukuchua mahindi, wala hakuinua uso. "Unakaa kwetu kama unasubiri gari." Sikumjibu. Nilikuwa na jibu lakini lilikuwa refu, na mimi jibu refu haliwezi kunitoka. Wewe ulikuwa mgongoni kwake, umelala.

Msimu ulipokwisha nikaja huku kumsaidia bibi yako. Nikakaa. Mama yako akamtuma mtu aniulize kama narudi. Nikasema nitaona. Hiyo nitaona yangu ilipofika Mkunya ilikuwa imeshakuwa hapana. Wazee wakakaa wakamaliza. Hakuna aliyegombana na mtu. Ukubwani utasikia watu wakisema baba yako aliacha, na wengine watasema alifukuzwa. Haikuwa hata moja. Baadaye ulipoanza kuumwa kifua wakakuleta huku tuwe jirani na hospitali, ukapona, ukabaki, ukaanza shule. Hayo mengine unayakumbuka mwenyewe.

Bibi anaita. Chakula.

Nimeshika kalamu tena. Tumekula, wewe unaoga, mjomba wako na bibi yako bado wako mkekani wanazungumza bei ya mbaazi. Nitakuandikia yote tuliyoongea, kwa sababu yanakuhusu na hukuwepo, ulirudi tukiwa tumeshanyamaza.

Bibi yako alimchinja jogoo. Mchana alitaka kusema jogoo ni wa kukuaga wewe, nikamwambia hapana, amchinje kwa ajili ya mjomba. Wewe ukirudi utafunua sufuria ule kama siku zote. Sikutaka uchinjiwe kama mgeni. Alinielewa, hakubisha, na huyu mama anapenda kubisha.

Firigisi aliwekewa mjomba wako. Akaitazama, akaihamishia kwangu, akasema, "Bwana Mpapai, leo utakula au umeshiba?" Nikaila. Akasema kumbe meno unayo.

Baada ya pale nilitaka kuuliza. Nikamwuliza kama mikorosho yao ilipata dawa mapema. Akasema ilipata. Nikamwuliza kama bomba linatoa maji siku hizi. Akasema linatoa siku linapotaka. Nikamwuliza barabara. Bibi yako akaweka bakuli chini.

"Hamisi," akasema, "uliza ulichotaka kuuliza tulale."

Nikasema, mlamu, shule zikifungwa Somoe atakuja huku?

"Atakuja kukusalimia."

"Kusalimia hapana. Kukaa."

Akatoa mfupa mdomoni akauweka pembeni ya sahani. Halafu akasema yale ambayo nilijua atayasema, kwamba mtoto ni wa kwao, kwamba walimwacha huku kwa ajili ya kifua tu, na sasa ni msichana, ana mambo yake ya kufundwa na wanawake wa kwao. Yote kweli. Alisema kwa upole. Lakini mwishoni sauti ilibadilika kidogo.

"Wewe tulikupa nyumba, mlamu. Tulikupa chakula ukakisukuma. Mama yangu mpaka leo anasema yule kijana alituona wachafu. Sasa huyu mtoto tumlete likizo kwa mtu aliyetuona wachafu?"

Somoe, sikujua. Miaka yote hii nilidhani walinichoka kwa sababu ya maji. Kumbe yule mama alikuwa anakaa pale na chungu chake anajiuliza kina nini. Nilikuwa naishi uani kwake kila siku, mimi ninayejiona natazama watu, na hilo sikuliona.

Nikamwambia ukweli. Nikasema, "Sikuwaona wachafu. Nilikuwa naogopa kumaliza vitu vyenu."

Mjomba wako akanitazama kama hajasikia. "Kwa sababu ya ile ndoo?"

"Ndiyo."

"Ya mpapai?"

Nikasema ndiyo. Akaanza kucheka, akacheka mpaka akapaliwa, bibi yako akampa maji, na yeye bibi yako anacheka anajifuta macho kwa kanga. Akasema atamwambiaje mama yake kwamba mkwe alikimbia ndoo. Akasema, mlamu, si ungesema tu, tungekupa ndoo ndogo. Mimi nilicheka kidogo. Haikunichekesha sana lakini ilinipa nafuu.

Alipotulia akasema hatakata shauri yeye. Akasema, "Kesho tukimaliza chai nitamwuliza mwenyewe. Mbele yako na mbele ya bibi yake. Atakachosema, nitakipeleka Mkunya kama kilivyo." Nikasema haya. Ndipo tukasikia miguu yako.

Kwa hiyo utaulizwa. Nakupa barua hii kabla ya chai, usije ukashtukizwa kama nilivyokuwa nashtukizwa mimi. Kaisomee kwenye mikorosho, hapa ndani bibi yako atataka kujua imeandikwa nini.

Sasa lile swali lako. Watakukaribisha. Mama yako atakupokea begi, nyanya yako, yule bibi wa Mkunya, ataweka ndoo aigonge. Oga, uache. Wakikupa chakula kula kama mtu mwenye njaa, hata kama bibi yako amekufungia muhogo wa kuchoma wa njiani. Ukiwa na kiu sema. Ukikosea, na utakosea, wacha wacheke, halafu siku ya pili kosea kitu kingine. Mume wa mama yako, aliyemwoa baada yangu, mwite baba, mimi haliniumi, ni mtu mpole na baiskeli yake anaitunza. Siku chache za mwanzo utawekewa kila kitu, utaona raha. Halafu siku moja mtu atakuambia kwa ukali kidogo, we Somoe, hebu chukua dumu ukatazame maji. Wewe usinune. Usione umeonewa. Hiyo siku ndiyo umekaribishwa. Mimi dumu hawakunipa hata siku moja, na nilidhani wananiheshimu.

Na hapa nikuambie ninachotaka mimi, kwa sababu ukiniuliza kesho sitasema. Mimi nataka urudi. Nataka likizo zote urudi, upige kelele humu ndani, unishikie gurudumu, ugombane na bibi yako juu ya chumvi. Nimeliandika mara moja na silirudii. Ni langu, lisikuzuie. Ukitaka kukaa kule na mama yako mfululizo, una haki, mmekaa mbali muda mrefu, na mimi sitakuwa nimepata hasara ya kumlaumu mtu. Nitakuja mimi. Nitapanda juu na baiskeli, nitakaa siku mbili, nitakula chakula cha nyanya yako mpaka anyang'anye sahani. Hilo nadaiwa hata bila wewe.

Mjomba wako akikuuliza, usianze kunitazama usoni. Nitakuwa naangalia chini, au nafunga mzigo wako ambao umeshafungwa. Usidhani nakuambia ubaki kule. Usidhani nakuambia urudi. Ndivyo ninavyokuwa mbele za watu. Bibi yako atakohoa, na yeye usimsikilize. Ukisema kule, nitakusindikiza mpaka barabarani na nitaongea na mjomba wako vizuri. Ukisema huku, kitanda chako hakitalaliwa na mtu.

Jibu lolote, lakini lisiwe nitaona. Liseme lote, kwa sauti, mpaka yule mwenye duka hapo mbele alisikie, ili mjomba wako akilifikisha juu liwe bado ni lako.

Baba yako,
Hamisi